Uzak au İklimler: anayetaka kumfahamu Ebru Ceylan aanze na ipi?

Mtazamaji wa Afrika Mashariki akitajiwa filamu za Uturuki, mawazo yake huenda moja kwa moja kwenye tamthilia: majumba ya kifahari ukingoni mwa Bosphorus, mlango-bahari wa Istanbul, mama mkwe mwenye hila, binti anayelia kwenye ngazi za marumaru, na Kiswahili kinachotoka katika midomo inayosema Kituruki. Mimi pia nazitazama, wala sioni aibu. Lakini pembeni ya kiwanda hicho kikubwa kuna sinema nyingine ya Kituruki, ya watu wachache na fedha kidogo, ambayo imekuwa ikirudi nyumbani na tuzo kutoka tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, kwa zaidi ya miaka ishirini. Katika sinema hiyo jina la Ebru Ceylan halikosekani, ila kila mara limesimama mahali tofauti kwenye orodha: mara msimamizi wa sanaa, mara mwigizaji, mara mwandishi wa skripti.

Alizaliwa Ankara mwaka 1976. Kabla ya kazi hizo zote aliwahi kuongoza mwenyewe: filamu yake fupi, Kıyıda, iliingia kwenye mashindano ya filamu fupi ya Cannes mwaka 1998, wakati huo akitumia jina la Ebru Yapıcı. Ni mpiga picha pia. Nayataja haya mapema kwa makusudi, kwa kuwa wengi humtambulisha kama mke wa mwongozaji Nuri Bilge Ceylan na kuishia hapo, kana kwamba alikuwa amekaa tu nyumbani akapewa kazi ya kupitisha muda. Mumewe naye mlango wake wa Cannes ulikuwa filamu fupi, Koza, mwaka 1995. Yaani walipita njia ileile, mmoja akimtangulia mwenzake miaka mitatu.

Sasa, ukitaka kuifuatilia kazi ya Ebru, filamu mbili zinagombea nafasi ya kwanza. Uzak, ya mwaka 2002, ambamo yeye ni msimamizi wa sanaa. Na İklimler, ya mwaka 2006, ambamo yeye ndiye mhusika mkuu wa kike, na mumewe akiwa mhusika mkuu wa kiume. Zote mbili zimeongozwa na mtu mmoja, zinapita katika jiji moja la Istanbul, na kila moja ina mwanamume mwenye kamera mkononi na moyo mgumu. Kwa hiyo kuzilinganisha si kulinganisha mbuzi na meli. Hata hivyo, ukianza na isiyokufaa unaweza kulala usingizi dakika ya ishirini na kumsahau mwanamke huyu moja kwa moja.

Kazi isiyopigiwa makofi

Tuelewane kwanza juu ya kazi ya msimamizi wa sanaa, maana yeye si mpambaji wa nyumba. Kabla kamera haijawashwa lazima awepo mtu wa kuamua pazia liwe la rangi gani, ukuta uwe umechubuka kiasi gani, kikombe kiwe kizima au kimevunjika sikio, meza ijae karatasi au iwe tupu, na mhusika akiingia chumbani akute kiti kipi. Anapatana na mwongozaji na mpiga picha kuhusu rangi zitakazotawala. Anatafuta vitu, anaviweka, na kamera ikisimama anahakikisha havijahama, ili picha ya leo ishikane na ya kesho.

Kazi hii ikifanywa vizuri hakuna anayeiona. Ikifanywa vibaya, hata mtoto ataiona. Sisi tuliokulia kwenye filamu za mtaani tunalijua hilo: mhusika ni fundi baiskeli asiye na nauli, lakini sebuleni kwake kuna sofa za ngozi na televisheni inayofunika nusu ya ukuta, kwa sababu nyumba ni ya kuazima na hakuna aliyepewa jukumu la kuvihamisha vitu vya mwenye nyumba.

Ndiyo maana swali la kuanza na ipi lina uzito. Uigizaji unajitangaza wenyewe, lakini usimamizi wa sanaa lazima uutafute.

Uzak: vitu vinavyogombana

Mahmut ni mpiga picha wa Istanbul aliyeachana na mkewe. Zamani alikuwa na ndoto za sinema. Siku hizi anapiga picha za vigae kwa ajili ya kampuni. Anaigizwa na Muzaffer Özdemir. Binamu yake Yusuf, anayeigizwa na Mehmet Emin Toprak, anatoka kijijini baada ya kiwanda alichokitegemea kukwama, anakuja mjini kutafuta kazi melini. Anaomba malazi ya siku chache. Siku chache zinakuwa wiki, kazi haipatikani, na mwenyeji anaanza kuchoka. Hadithi ni hiyo, haina zaidi. Yeyote aliyewahi kumpokea ndugu wa "siku mbili tatu" katika vyumba viwili vya mjini anajua mzigo wake. Na aliyewahi kuwa huyo ndugu anaujua zaidi.

Nyumba inayoonekana ni ya Nuri Bilge Ceylan mwenyewe. Kuna wanaodhani kwamba kwa sababu hiyo msimamizi wa sanaa hakuwa na la kufanya. Nadhani ni kinyume chake. Seti unaianza tupu na kuijaza unavyotaka. Nyumba unayoishi imeshajaa maisha yako, na kuigeuza iwe ya mtu mwingine, mpweke, mwenye utaratibu uliopitiliza, inakutaka uondoe kuliko uongeze. Katika Uzak huoni kitu kilicholetwa ili kipendeze. Unaona vitabu, kiti cha kuegemea mbele ya televisheni, kabati la viatu karibu na mlango, jiko jembamba.

Na humo ndimo ugomvi wote unapokaa. Hawa ndugu wawili hawapigani. Mahmut anavitia viatu vya Yusuf kabatini na kuvipulizia dawa ya harufu. Anampangia mahali pa kuvutia sigara. Jikoni ametandaza gundi ya kunasia panya, na panya anaponaswa usiku, anayetakiwa kumshughulikia ni mgeni. Saa ya mfukoni inapotea, mashaka yanamwangukia Yusuf. Baadaye Mahmut anaiona ilikokuwa, na hamwambii. Ukiziondoa sauti zote ukabaki na viatu, gundi na saa, hadithi bado inaeleweka. Sijui namna bora zaidi ya kumwonyesha mtu kazi ya msimamizi wa sanaa ilivyo.

Kuna na utani, ila umefichwa vizuri. Usiku mmoja Mahmut anaweka filamu ya Tarkovsky, mwongozaji wa Kirusi, ndefu na tulivu, mpaka Yusuf anachoka na kwenda kulala. Mgeni akishaondoka tu, mwenyeji anabadilisha na kuweka filamu ya ngono. Mlango ukifunguliwa ghafla, inabidi ahangaike kubadilisha tena. Msomi wetu na heshima zake ameanikwa, na hakuna aliyesema neno.

Nje kuna theluji. Istanbul ya Uzak si ile ya tamthilia: ni kijivu, maji hayana rangi, na bandarini kuna meli kubwa iliyolala ubavu chini ya theluji huku Yusuf akipita mbele yake, yeye anayetafuta kazi melini. Kamera ilishikwa na Ceylan mwenyewe, ambaye pia aliandika na kutayarisha filamu hiyo, akifanya kazi na kikundi cha watu wachache. Katika kikundi cha namna hiyo cheo cha msimamizi wa sanaa hakina maana ya ofisi na wasaidizi. Maana yake ni kwamba wewe ndiwe unayehamisha kiti.

Ebru anaonekana pia kwenye skrini, kidogo mno. Ndiye msichana wa jengo hilo ambaye Yusuf anamtazama kwa mbali bila kupata ujasiri wa kumsemesha. Ukipepesa macho umempita. Anayeifungua Uzak ili kumwona Ebru atajiona ametapeliwa.

Filamu ilipata Grand Prix, tuzo ya pili kwa ukubwa huko Cannes, mwaka 2003, na Özdemir na Toprak wakapewa kwa pamoja tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Toprak hakuwepo kuipokea. Alikuwa binamu wa kweli wa Ceylan, na alikufa kwa ajali ya gari mwishoni mwa 2002, akiwa kijana.

İklimler: uso kwanza

Hapa mambo yanageuka. Picha ya kwanza ni uso wa Ebru, karibu kabisa, kwenye jua kali la magofu ya kale huko kusini mwa Uturuki. Yeye ni Bahar. Mpenzi wake İsa, mhadhiri wa chuo kikuu aliyemzidi umri, anapiga picha za nguzo zilizoanguka. Bahar anamtazama, anatabasamu kidogo, anasogea mbali, anaendelea kumtazama, na taratibu bila maneno chozi linatoka. Unasikia nzi na upepo. Hujaambiwa lolote kuhusu watu hawa, na tayari unajua kwamba wameshaachana, ila mmoja wao bado hajaarifiwa.

Waigizaji wengi wa tamthilia wangehitaji muziki wa vinanda na kamera ya kuzunguka ili kufika hapo. Ebru hatumii hata nyusi. Uigizaji wake ni wa mtu anayejua kamera inaona nini, na nadhani hilo linatokana na miaka yake ya kuwa nyuma ya lenzi, akipiga picha na kupanga vitu vya kupigwa picha. Hafanyi kitu ambacho picha imeshakifanya.

Filamu inakwenda na majira matatu. Kiangazi kiko Kaş, mji wa pwani: chakula cha usiku na marafiki kinaharibika kwa maneno machache yenye sumu, kisha kuna ufukweni, ambako İsa anafanya mazoezi ya hotuba yake ya kuachana, ile ya kubaki marafiki. Mwanzo unadhani anamwambia Bahar. Kumbe anazungumza peke yake. Kisha wako kwenye pikipiki ndogo, Bahar amekaa nyuma, na ghafla anamziba İsa macho kwa mikono yake. Wanaanguka. Ni tukio la sekunde chache, na ndilo linalobaki kichwani kwa wiki.

Vuli iko Istanbul, na Bahar hayupo. İsa anamrudia Serap, mwanamke aliyewahi kuwa naye, anayeigizwa na Nazan Kesal. (Huyu huyu ndiye aliyekuwa hawara wa Mahmut katika Uzak; ukizitazama filamu hizi mfululizo utaona nyuso na tabia zinavyohama nyumba moja kwenda nyingine.) Hapo pana tukio refu la sakafuni, la kimwili na la ukali, ambalo mtu hawezi kusema kwa hakika ni mchezo au ni kulazimishana. Halikuwekwa ili kusisimua. Lakini nakuonya: usiiwashe İklimler sebuleni wakati shemeji na watoto wapo. Uzak nayo ina ile video ya usiku, ila hiyo ni ya kupita tu.

Halafu majira ya baridi, upande wa mashariki kabisa, mkoa wa Ağrı, theluji mpaka magotini. İsa amepanda ndege kumfuata Bahar ambaye yuko huko kikazi. Na kazi ya Bahar ni ipi? Ni msimamizi wa sanaa wa tamthilia ya televisheni.

Ebru Ceylan, msimamizi wa sanaa, anaigiza msimamizi wa sanaa. Na waandaaji hawakuiacha kazi hiyo iwe jina tu kwenye mazungumzo, kama zile filamu ambamo mtu ni "mfanyabiashara" na hatumwoni akiuza hata kiberiti. Tunamwona katikati ya kikosi cha upigaji picha, nje kwenye baridi, ndani ya koti zito, ratiba inamsubiri. Tukio kubwa la maombi ya msamaha linatokea ndani ya gari dogo la kikosi. İsa anaahidi kubadilika, anaahidi ndoa, anaahidi watoto, Bahar analia, na kila mara mlango unafunguliwa: mtu anatia vifaa, mwingine anaingia, mwingine anauliza. Hakuna aliyekosa adabu. Wako kazini tu. Sijaona filamu nyingine iliyoonyesha kwa ukweli namna hiyo kwamba mtu wa seti hana hata dakika tano za kuvunjika moyo kwa faragha.

Bahar anamuuliza kama alimwona tena Serap. İsa anasema hapana. Usiku Bahar anamfuata hotelini. Asubuhi anamsimulia ndoto nzuri, ya kuruka juu ya mabonde ya kijani, mama yake yu hai akimpungia mkono. İsa anamsikiliza, kisha anamkumbusha kwamba atachelewa kwenye seti. Hapo ndipo unaona kwamba hakufuata mapenzi. Alifuata uthibitisho kwamba bado anapendwa, na akishaupata haja imekwisha.

Nuri Bilge Ceylan anayemwigiza İsa si mwigizaji wa kazi, na inaonekana katika sehemu mbili tatu ambapo anasema maneno yake kama anayeyasoma. Nampa heshima kwa jambo moja: alijipa nafasi ya mwanamume mbaya, mwoga na mbinafsi, na hakujitafutia huruma hata mara moja. Lakini mezani na kitandani, anayebeba uzito ni Ebru. Wapenda umbea waliuliza kama ndoa yao ilikuwa salama. Kwenye filamu waliachana. Nje ya filamu waliendelea kuandika skripti pamoja kwa miaka mingi.

İklimler ilipata tuzo ya wahakiki, FIPRESCI, huko Cannes mwaka 2006.

Tukiziweka bega kwa bega

Kwa muda, hakuna inayokuumiza. İklimler ina kama saa moja na dakika arobaini, Uzak kama saa moja na dakika hamsini. Sehemu moja tu ya tamthilia nchini Uturuki kwenyewe hupita saa mbili kabla vituo vya nje havijaikata vipande. Kwa hiyo anayesema hana muda wa filamu ya Ceylan, huku anafuatilia tamthilia kila jioni, atafute kisingizio kingine.

Kwa lugha, zote zitakulazimu kusoma maandishi ya tafsiri chini ya picha, kwa Kiingereza au Kifaransa. Uzak inasamehe zaidi hapo. Maneno yake ni machache, na mengi ni ya kawaida: umekula, funga mlango, umezima taa? Unaweza kupitwa na nusu ya mazungumzo na usipitwe na chochote cha maana. İklimler nayo ina ukimya mwingi, lakini panapokuwa na maneno, kila neno ni kisu. Chakula cha usiku cha Kaş ukikisoma haraka hutaelewa kwa nini Bahar amekasirika.

Kwa picha, tofauti ni kubwa kuliko miaka minne inavyoashiria. Uzak ilipigwa kwenye mkanda wa filamu, na ina rangi za moshi na chai baridi. Ndani ya nyumba taa ni hafifu, na vitu vinajitokeza gizani kimoja kimoja. İklimler ilikuwa filamu ya kwanza ya Ceylan kupigwa kwa kamera ya dijitali, mpiga picha akiwa Gökhan Tiryaki, na inakuonyesha jasho kwenye mdomo wa juu na chembe ya theluji ikituama kwenye kope. Kwa uso wa Ebru hiyo ni faida. Kwa vyumba, naipenda Uzak zaidi.

Kwa mtu anayetengeneza filamu zake mwenyewe Dar es Salaam, Nairobi au Bujumbura kwa fedha za kuungaunga, chaguo langu ni Uzak bila kusita. Nyumba moja, wanaume wawili, jiji linalopatikana bure, na hakuna tukio hata moja linalohitaji fedha usiyokuwa nayo. Itazame mara ya pili ukiwa umezima sauti, na kila kamera ikibadilisha mahali jiulize nani aliweka kile kitu pale. Mwigizaji anayejifunza afanye hivyohivyo na dakika za kwanza za İklimler, sauti ikiwepo safari hii, kwa sababu sauti ya wadudu inafanya kazi ambayo asiyejua angempa mwigizaji aifanye kwa kulia.

Aliyetoka moja kwa moja kwenye tamthilia za jioni, na hawa ndio wengi, namshauri İklimler. Kwanza kuna mapenzi, usaliti na maombi ya msamaha, mambo anayoyajua. Atashangaa tu kuona yanavyokwenda bila muziki wa kumwambia alie lini. Pili, na hili ndilo lililoniamulia mimi, İklimler inakuonyesha msimamizi wa sanaa akiwa kazini. Ukishamwona Bahar kwenye theluji na kikosi chake, ukajua kwamba kuna mwanadamu mwenye baridi na moyo uliovunjika nyuma ya kila pazia unaloliona kwenye kioo, ndipo unapoingia nyumbani kwa Mahmut na kuanza kuvitazama vitu vyake kwa jicho jingine. Ukianza na Uzak unaona kazi bila mtu. Kwa mgeni wa sinema hii, afadhali amjue mtu kwanza.

Ipo hoja dhidi yangu, na ina nguvu: anayeanza na İklimler anaweza kumpenda Ebru mwigizaji kiasi cha kumsubiri kila filamu inayofuata, na hatampata. Nafasi ya namna ile hakuwa nayo tena katika filamu za mumewe. Katika zilizofuata jina lake linahamia kwenye uandishi.

Ukitaka ya tatu

Kwa asiyeweza kuchagua kati ya vitu na watu, kuna Üç Maymun ya mwaka 2008, ambayo Ebru aliisimamia sanaa yake na pia kuiandika skripti pamoja na Ceylan na Ercan Kesal. Huyu Kesal ni daktari aliyegeuka mwandishi na mwigizaji, na humo anaigiza mwanasiasa anayemgonga mtu kwa gari usiku na kumwomba dereva wake akubali kwenda jela badala yake, kwa malipo. Mke wa dereva, Hacer, anaigizwa na Hatice Aslan, na sehemu kubwa ya mkasa iko ndani ya nyumba nyembamba, kuukuu, iliyobanwa kati ya reli na bahari. Treni zinapita, madirisha yanatikisika, upepo unacheza na mapazia, na familia inajifanya haijui inachokijua. Kwa mtazamaji wa tamthilia hii ndiyo yenye mkasa mzito kuliko zote, na Ceylan alipewa kwayo tuzo ya mwongozaji bora Cannes. Sikuiweka mbele kwa sababu Ebru mwenyewe haonekani, na kwa sababu giza lake ni zito mno kwa mara ya kwanza.

Baada ya hapo kazi yake ni ya kalamu. Bir Zamanlar Anadolu'da ya 2011, tena pamoja na Kesal, ilirudi na Grand Prix, safari hii kwa kugawana na filamu nyingine. Kış Uykusu ya 2014, aliyoiandika na mumewe wakitegemea hadithi za Chekhov, mwandishi wa Kirusi, ilichukua Palme d'Or yenyewe, tuzo ya kwanza ya Cannes. Ahlat Ağacı ya 2018 na Kuru Otlar Üstüne ya 2023 aliziandika pamoja na Ceylan na Akın Aksu, na hiyo ya mwisho ilimpa Merve Dizdar tuzo ya mwigizaji bora wa kike Cannes. Katika filamu hizi watu wanaongea, tena wanaongea sana, hasa wanawake wanaomkabili mwanamume msomi na kumwambia usoni alivyo. Bahar wa İklimler alikaa kimya. Nihal wa Kış Uykusu na Nuray wa Kuru Otlar Üstüne hawanyamazi. Siwezi kukuapia mstari upi uliandikwa na nani, lakini mabadiliko hayo yamekwenda sambamba na jina la Ebru kupanda kwenye orodha ya waandishi.

Tatizo la hizi ni urefu. Zote tatu za mwisho zinapita saa tatu. Usimpe mtu Kış Uykusu kama filamu ya kwanza, hata kama ndiyo yenye tuzo kubwa kuliko zote. Nimeona watu wazima wakiaga kwenda kuswali na wasirudi.

Mpango wangu kwa mgeni ni huu. Jumamosi jioni İklimler, peke yako au na mwenzako ambaye hamna ugomvi uliolala. Siku chache baadaye Uzak, simu ikiwa chumba kingine. Zikikukaa, Üç Maymun mwezi huohuo. Zisipokukaa, jaribu tena Bir Zamanlar Anadolu'da, ambayo ina polisi, maiti inayotafutwa usiku kucha na utani wa wanaume waliochoka ndani ya gari, kisha uamue. Kış Uykusu iwekee siku ya mvua isiyo na miadi.